Titin Bedeau Hasemewi

Ijumaa tarehe 31 Mei 2024, saa kumi alasiri, Bi Ernestine Bedeau atarudisha ufunguo wa chumba cha mavazi na kustaafu rasmi, baada ya kuitumikia Studio ya Lavigne kwa miaka thelathini na minane. Hapa ofisini hakuna anayemwita Ernestine isipokuwa karani wa mishahara. Kwetu sote, na kwa Grenada nzima kuanzia Sauteurs hadi Pointe Salines, yeye ni Titin.

Nimeombwa niandike wasifu huu kwa sababu mimi ndiye niliyekaa naye kazini muda mrefu kuliko wote. Naitwa Lyndon Alexis, fundi wa sauti. Miaka yote hiyo nimemshikia Titin kipaza sauti juu ya kichwa, na mara mbili nimemwangushia. Waandaaji wa sherehe walitaka ukurasa mmoja. Niliwajibu kwamba ukurasa mmoja hautoshi hata majina ya shangazi zake.

Titin alizaliwa Gouyave, mtoto pekee wa Bi Octavia Bedeau, Ma Tavi, aliyechambua kungumanga katika kituo cha kukusanyia kiungo hicho kwa zaidi ya miaka arobaini na ambaye, akiwa na umri wa miaka tisini, atakaa mstari wa mbele siku ya sherehe. Tafadhali msimzibe. Binti alikuja kwetu tarehe 2 Juni 1986 kama mshonaji. Siku hizo studio haikuwa na filamu zake yenyewe. Iliishi kwa kuwahudumia wageni waliokuja kupiga picha ya bahari yetu, wakala kamba wetu, wakaondoka. Wiki ya tatu mgeni mmoja akamwona Titin ameinama kwenye cherehani akasema uso ule lazima uingie kwenye kamera. Cherehani ikapata mtu mwingine.

Katika filamu hiyo ya kwanza alipewa maneno ya kusema. Yalikuwa ishirini na mawili; aliyahesabu. Aliyasema jikoni, aliyasema njiani, aliyasema kanisani wakati wengine wakisema mambo mengine. Filamu ilipoletwa Gouyave mwezi wa Desemba, nusu ya mji ilijaa ukumbini wamevaa nguo za Pasaka, na Ma Tavi alikuwa mbele na kofia yake ya bluu. Uso wa Titin ukatokea, mkubwa kama mlango wa kanisa. Mdomo ukafunguka. Ikatoka sauti ya mwanamke mwingine kabisa, sauti ya mtu asiyewahi kuonja shelisheli tangu azaliwe. Wenye filamu walikuwa wamemtafuta mtu wa huko kwao, wakaifuta sauti ya Titin na kuiweka ya mtu huyo.

Ma Tavi hakunong'ona. Aliuliza, na ukumbi mzima ukasikia, "Ni nani huyo anayesema kwenye kinywa cha mwanangu?"

Akachukua mkoba wake akatoka, na filamu ilikuwa haijafika nusu. Nyumbani alimwambia Titin kwamba hatakanyaga tena mahali pa sinema mpaka siku atakayomsikia yeye mwenyewe, na tangu hapo habari za filamu hazikuzungumzwa katika nyumba ile. Mama alitandika meza, binti alikula, wakaongea juu ya mvua, bei ya samaki na dhambi za majirani. Titin hakutulilia sisi wa studio, lakini tulimjua. Alitaka jambo moja tu duniani, mama yake amsikie.

Ikawa kazi ya miaka tisa. Aliigiza filamu nyingine kumi, na katika zote hakupewa neno hata moja. Saba alibeba sinia, mbili alifua nguo, na moja alimpepea mgonjwa ambaye, kwa maoni yangu, hakuwa mgonjwa sana. Kila mwongozaji aliyekuja, Titin alimwomba nafasi ya kusema. Mmoja wao alimjibu kwamba mtu hahitaji maneno ili abebe sinia. Siku hiyo sinia lilianguka mara sita, na kila lilipoanguka Titin aliomba radhi kwa sentensi ndefu, safi, zenye koma na nukta, akiikabili kamera. Nilizirekodi zote sita. Bado ninazo.

Mwaka 1995 akaja Bwana Pelham, Mwingereza mrefu mwenye shingo nyekundu, mtu mwema asiyejua kula pilipili. Filamu yake ilihusu familia inayogombana kwenye matanga. Alimpenda Titin mara moja, akapenda hata jina lake, akalitumia vilevile kwa mhusika. Titin alifurahi mpaka alipoisoma nafasi yenyewe. Alikuwa ndiye marehemu. Nafasi kubwa kuliko zote alizowahi kupata, dakika arobaini mbele ya kamera, ndani ya jeneza, bila neno.

Sasa nafika mahali pa kutubu. Pelham alikuwa amesikia matangazo ya vifo kwenye redio yetu, akataka moja la kufungulia filamu yake, na akaniagiza mimi niliandike. Kila mtu wa hapa anajua kwamba tangazo lenye jamaa wasiofika ishirini ni la mtu asiye na watu, na hakuna atakayeliamini. Kutunga majina ishirini ni kazi, na mimi ni mvivu wa kalamu. Nikaweka ukoo wa Titin kama ulivyo: Octavia wa Gouyave, mama, shangazi sita kwa majina yao na majina yao ya utani, binamu wa Brooklyn, binamu wa Huddersfield, na mpwa mmoja aliyeko melini. Mwishoni nikaandika kwamba matanga ni jioni hiyo katika ile nyumba ya zamani kijijini Maran, mlimani juu ya Gouyave, ambako ndiko tulikokuwa tukipiga picha. Nikampelekea msomaji wa redio, akanisomea vizuri sana, kwa ile huzuni yake ya kila siku. Nikachukua mkanda wangu, nikashukuru, nikaenda zangu.

Karatasi niliiacha mezani kwake.

Yeye akatoka kwenda kula. Mwenzake aliyeshika zamu akaikuta juu ya rundo, na saa sita na nusu mchana akaisomea nchi nzima, ukoo wote, mpaka mpwa wa melini. Kwa miaka ishirini na tisa watu wamewalaumu watu wa redio, na mimi nimetikisa kichwa pamoja nao. Kosa lilikuwa langu. Samahani sana, na hasa nawaomba radhi jamaa wa Huddersfield, ambao tayari walikuwa wamekata tiketi.

Kituoni Gouyave, saa ya matangazo ya vifo wanawake huacha kuchambua ili wasikie. Ma Tavi alisikia jina la utani la binti yake, kisha jina lake mwenyewe. Titin alikuwa ameondoka nyumbani alfajiri, na kwa kuwa filamu hazikuzungumzwa, mama hakujua anakwenda kuigiza nini. Wenzake walisimulia baadaye kwamba alivua aproni, akaikunja mara nne, akaanza kupanda mlima kwa miguu.

Sisi huku Maran hatukujua lolote. Tuliziba madirisha kwa mablanketi ili mchana uwe usiku. Pelham alikuwa amekodi waombolezaji kumi. Saa tisa wakaanza kufika watu ambao hatukuwakodi, kwanza wanne, kisha ishirini, kisha barabara yote. Walileta mikate, kahawa kwenye birika, biskuti ngumu, ramu, vitabu vya nyimbo na seti mbili za domino. Pelham aliisifu studio kwa ukarimu. Mzee Lavigne mwenyewe, mwenye studio, akazipokea sifa kwa unyenyekevu, akidhani ni mpango wangu. Kamera zikaanza kuzunguka. Titin alilala kwenye jeneza amefumba macho, poda usoni, na kwa kuwa ni mtu anayeiheshimu kazi yake, hakutikisa hata kope.

Hapo mlango ukafunguka na Ma Tavi akaingia.

Watu wakampisha. Hakupiga kelele wala hakuanguka. Alisimama kando ya jeneza, akaweka mkono ukingoni, akaanza kumsema maiti, jinsi mama zetu wanavyowasema maiti wao. Nilikuwa juu ya ngazi, kipaza sauti kipo pale pale. Nilijua kwamba si mchezo, na mikono yangu haikujua la kufanya, basi ikaendelea na kazi yake.

"Ernestine," alisema. "Unaondoka bila kuniaga, kama mtu asiyelelewa. Miaka tisa nimekataa kuja kukutazama kwenye lile turubai lao la sinema. Sikukuchukia, mwanangu. Nilikuwa nakungoja useme. Haya, sasa utasema lini?"

Titin akafumbua macho. Baadaye alinieleza kwamba kwa nukta moja aliwaza juu ya kamera, na juu ya kazi, na juu ya Pelham, kisha akayatupa yote. Akaketi.

"Nasema sasa hivi, Mama. Sijafa. Niko kazini."

Sitaweza kueleza vurugu zilizofuata. Mtu mmoja alipita dirishani na blanketi lake, na glasi ya ramu haikumwagika. Wimbo uliokuwa ukiimbwa nyuma ya nyumba uliendelea, kwa maana wa nyuma hawakuwa wameona kitu. Chupa ikavunjika. Jogoo wa jirani, aliyekuwa ameniharibia kazi wiki nzima, akawika. Ma Tavi akamtandika binti yake kofi moja, poda ikaruka, kisha akamkumbatia palepale ndani ya jeneza mpaka ubao ukalia.

"Kazi gani hii ya kulala mchana?" akamuuliza, na sasa ndipo akalia.

Wote tulilia, nami nikiwa juu ya ngazi. Kisha tukacheka, kisha tukala, kwa sababu chakula kilikuwa kimeshaletwa na kwetu hakirudishwi. Matanga ya Titin yaliisha jua likizama, na inasemekana yeye mwenyewe alishinda domino.

Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni: Pelham alijua alichokipata. Alitupilia mbali nusu ya hadithi yake akaandika nyingine, ya mwanamke anayeamka kwenye matanga yake na kuanza kuwajibu watu. Titin akapata maneno, na safari hii hakuyahesabu. Ma Tavi akaombwa ruhusa ile picha yake itumike. Akakubali, akasema kwamba kama yumo ndani ya filamu, basi ni haki yake kwenda kuitazama.

Lakini wenye fedha huko ng'ambo wakaleta barua. Filamu ni nzuri, walisema, ila watazamaji wao hawatamwelewa mwanamke huyu anavyozungumza, kwa hiyo wataingiza sauti nyingine, na mkataba unawaruhusu. Titin aliisoma barua hiyo barazani kwa mama yake. Nilikuwepo, nimekaribishwa chai ya kakao, na natamani ningekuwa nimekwenda kwingine. Ma Tavi hakugomba. Aliweka sharti.

"Nitakuja," alisema. "Ila nikimsikia mwanamke mwingine ndani yako, nasimama, natoka, na wewe unatoka na mimi. Jumatatu unaanza kituoni, unachambua kungumanga. Mimi sikuzaa sanamu ya watu kusemea."

Nilidhani Titin atabishana, kwa maana kubishana ndiyo afya yake. Alinyoosha mkono wakapeana, kama watu waliouziana ng'ombe. Kisha akaandika jibu kwenda ng'ambo, mistari miwili: sauti ni yake, na kama haitakiwi basi wamkate na kumwondoa wote, uso na vyote. Hawakujibu. Pelham alipigana nao huko kwao, hilo tulilisikia, lakini kama alishinda au alishindwa hakuna aliyetuambia. Ikapita miezi saba. Ngoja ngoja huumiza matumbo, na langu halijapona vizuri mpaka leo.

Filamu ililetwa kwa ndege Jumamosi, siku ileile ya kuonyeshwa. Watu wa forodha wakaikalia mpaka saa kumi, na onyesho lilikuwa saa kumi na mbili, katika ukumbi wa parokia hapo Gouyave. Hapakuwa na nafasi ya kuijaribu. Nilisimama karibu na mashine ya kuonyeshea. Titin alikuwa mbele, kando ya mama yake, amenyooka. Alikuwa amemaliza kusafisha meza yake studio siku iliyotangulia. Niliiona ikiwa tupu, sikumwambia mtu.

Nataka kusema ukweli hapa, hata kama ni wasifu wa furaha. Niliogopa. Alikuwa na umri wa miaka thelathini na tano, na hakuna mwigizaji bora kuliko yeye niliyepata kumsikia kwa masikio haya ambayo ndiyo riziki yangu. Dakika chache baadaye huenda angekuwa mchambuzi wa kungumanga. Kazi hiyo ina heshima yake, mama yangu pia aliifanya. Lakini haikuwa yake.

Picha ya jeneza ikafika. Ma Tavi wa kwenye turubai akasimama, akaweka mkono ukingoni, akamsema maiti, na sauti ilikuwa yake. Hilo halikunituliza, maana barua haikumtaja yeye. Watu walianza kucheka mapema, kwa kuwa wengi walikuwepo siku ile na walijua kinachokuja. Titin wa kwenye turubai akafumbua macho.

Nikasikia jogoo. Alikuwa mbali, nyuma ya ukuta, hafifu sana, akijiandaa kuwika. Mtu mwingine asingemtambua, lakini mimi nilikuwa nimegombana naye wiki nzima. Huko ng'ambo, kwenye vyumba vyao vya sauti, hakuna jogoo. Ulikuwa ni mkanda wangu. Nilijua kabla ya mtu yeyote humo ndani, kabla ya Titin.

Akasema. Kwa sauti yake, nzito kidogo, yenye mkwaruzo, na ile namna ya Gouyave ya kuvuta neno la mwisho. Ukumbi ukalipuka kwa kicheko na makofi, kiasi kwamba maneno yaliyofuata yakaanza kupotea. Ndipo Ma Tavi aliposimama. Nilimwona Titin akishika mkoba wake, akidhani masikio yake yamemdanganya na ya kwamba sasa wanatoka.

Ma Tavi aliugeukia ukumbi.

"Nyamazeni," alisema. "Mwanangu anasema."

Ukumbi ukanyamaza. Akaketi, akavua kofia yake, akasikiliza mpaka mwisho.

Mengine yameandikwa magazetini na sina haja ya kuyarefusha. Filamu ishirini na sita baada ya ile, tatu kati yake za kwetu wenyewe, zilizotoka katika studio hii isiyokuwa na filamu zake. Tuzo nne, mojawapo inazuia mlango wa chumba cha mavazi usifunge. Kimbunga cha mwaka 2004 kilipochukua paa letu, Titin alibeba mikanda yote ya studio kwa toroli mpaka nyumbani kwa mama yake, wakalala wawili kitanda kimoja ili filamu zipate kitanda cha pili. Na tangu mwaka 1996, kila mkataba unaosainiwa hapa una sharti alilolitunga yeye kwa lugha yake, na wanasheria wamelisafisha kidogo tu: anayeonekana ndiye anayesikika. Wageni watatu waliondoka kwa sababu ya sharti hilo. Tisa walibaki.

Mtu ameuliza kwa nini anaondoka sasa, akiwa bado na nguvu na ulimi uleule. Nitawaambia, kwa kuwa nilikuwepo. Mwezi wa Novemba tulikuwa tumekaa chini wakati wa chakula, tukila shelisheli la nazi kwenye sufuria moja kubwa, na Titin akamsimulia Kerlisha Frank, mwigizaji wetu mpya, juu ya ile filamu ya kwanza na mwanamke wa ng'ambo. Alisimulia vizuri, na sote tulicheka. Kerlisha peke yake hakucheka. Alikuwa ameacha kutafuna, anatafuta maana na haioni.

"Lakini Shangazi," akauliza, "kama si wewe, nani mwingine angesema?"

Titin akaanza kucheka, akacheka mpaka akaweka sahani chini, akajifuta macho kwa aproni ya mpishi, akacheka tena. Asubuhi yake alipeleka ofisini barua ya kustaafu. Mahali pa sababu aliandika kwamba kazi imekwisha.

Titin, dada yangu, kwa niaba ya Studio ya Lavigne na ya wote wanaosema leo bila kujua kwamba kuna mtu aliwahi kunyamazishwa, asante. Nenda ukakae na Ma Tavi, mle vizuri, mgombane kwa raha, mwishi miaka mingi. Tutakuwa tukija Jumapili kuwatembelea. Sisi tutakaa kimya, na wewe utasema.